Dawa Haiishii Kwenye Sinki: Barua ya Wazi kwa Wasusi na Wenye Saluni

Kwenu wasusi, wasaidizi wa saluni na wenye saluni wa Kariakoo, Mwenge, Mbagala na kila mtaa ambako mteja huinamishwa kwenye ndoo kwa kukosa sinki,



Nawaandikia nikiwa mteja ambaye vichwa vya ukoo wake vimepita mikononi mwenu kwa miaka mingi. Kuweka dawa ya kunyoosha nywele mnajua. Wengi wenu mnaijua kazi hiyo vizuri kuliko maelezo ya kwenye boksi. Tunachokikosa ni kile kinachofuata. Mteja anasuuzwa harakaharaka, anasetiwa, anakaa kwenye draya, analipa, anaondoka na nywele zinazong'aa, na hakuna aliyemwambia neno kuhusu miezi miwili inayokuja. Baada ya wiki chache anarudi nywele zimekatika kisogoni, naye anaelezwa kwamba nywele zake haziipendi dawa.

Siandiki ili mtu aache dawa. Mabishano ya nywele za asili na nywele za dawa yana wenyewe, na mara nyingi yanaishia kuwatukana wanawake ambao hawajamkosea mtu. Katika shule nyingi za serikali msichana hunyoa kwa amri mpaka amalize kidato cha nne. Akimaliza, kichwa ni chake, na akitaka dawa ni haki yake. Ninachodai ni kwamba akishaamua, fundi aliyemkabidhi kichwa chake amweleze yote.

Na yote huanza na kujua dawa inafanya nini. Wateja wengi wanadhani ni aina ya mafuta makali yanayolainisha. Unywele umejengwa kwa protini inayoitwa keratini, na nyuzi za protini hiyo zimefungamanishwa kwa vifungo vya salfa, ambavyo huupa unywele umbo lake na sehemu kubwa ya nguvu zake. Dawa ya kopo kwa kawaida ina hidroksidi ya sodiamu, yaani kostiki ileile ambayo watengenezaji wa sabuni huivalia glavu. Ile ya boksi, ya kuchanganya krimu na kichupa cha maji, hutumia kalsiamu na guanidini. Zote mbili huvunja vile vifungo, na mahali palipokuwa na atomu mbili za salfa panabaki moja. Ni kama mshono uliofumuliwa ukashonwa upya kwa uzi mwembamba: nguo inavalika na inapendeza, lakini haitaki kuvutwa.

Vifungo hivyo havirudi. Stimingi haivirudishi, wala yai, wala parachichi, wala mafuta ya bei yoyote, kwa sababu unywele ukishatoka kwenye ngozi hauna uhai wa kujiponya. Matunzo baada ya dawa kazi yake ni kuzuia hasara isiongezeke. Mteja akilijua hilo tangu siku ya kwanza atazishika nywele zake kwa mkono mwingine kabisa. Asipolijua atazitendea kama zamani, na fedha zake zitaishia kwenye makopo ya "kurudishia nywele" ambayo hayarudishi kitu.

Matunzo yanaanzia kwenu, kwenye sinki, na hapo ndipo nina lalamiko kubwa kuliko yote. Dawa haiachi kufanya kazi kwa sababu dakika zimetimia. Inaacha ikishatoka yote. Ngozi ya kichwa iko upande wa asidi kidogo, pH ya 5 na kitu, wakati dawa iko kwenye 12 au zaidi. Ndiyo maana kukawa na shampuu ya kukata dawa. Yenyewe ni ya asidi, na nyingi zimetiwa rangi ya kuonya: povu likiwa na uwaridi, dawa bado imo, likiwa jeupe, imetoka. Nimeona saluni ambako chupa hiyo inatumika mara moja tu, kwa tone, au nafasi yake inachukuliwa na shampuu yoyote iliyo karibu. Sababu nazijua. Bomba limekatika, tenki liko nusu, maji yananunuliwa kwa dumu, ni Jumamosi na foleni imefika mlangoni. Lakini kama maji hayatoshi kusuuza kichwa hadi utelezi uishe na kukiosha mara tatu, basi siku hiyo hayatoshi kuweka dawa. Mseti mteja, au msuke, mpange siku nyingine. Atanung'unika, kisha atarudi akiwa na nywele.

Nikiwa kwenye maji, niseme na hili. Nyumba nyingi za Dar es Salaam zinaoga maji ya kisima, na visima vingi vina chumvi. Maji magumu yana kalsiamu na magnesiamu; dawa ya kuchanganya nayo huacha kalsiamu yake juu ya unywele. Vikikutana hivyo viwili nywele zinakuwa kavu na ngumu, hazina mng'ao, na mteja anaamini anahitaji mafuta zaidi. Anapaka mafuta juu ya chokaa. Anachohitaji ni shampuu ya kuondoa madini, mara moja kwa mwezi hivi, na suuzo la mwisho kwa maji ya bomba au ya mvua yanapopatikana. Swali la kumwuliza ni moja: nyumbani unaoshea maji gani? Katika miaka yote ya kukaa kwenye viti vyenu sijawahi kuulizwa.

Kutouliza kuna gharama. Mtoto wa dada yangu alikuwa anajiandaa kwa sendofu yake. Usiku alifumua rasta, akakichana kichwa na kukikuna kama tunavyofanya sote tukitoka kwenye rasta. Asubuhi akaenda saluni moja, jina naliacha, akawekwa dawa, na kabla ya kuondoka akapakwa rangi ya kahawia iliyotanguliwa na blichi. Dawa ilipoanza kumuunguza alisema. Akaambiwa avumilie kidogo ishike. Siku ya sendofu alivaa wigi juu ya vidonda, na wiki zilizofuata nywele za utosini zikawa zinatoka kwenye chanuo kwa mafungu. Nilipomwuliza kwa nini hakuinuka kitini alinijibu, "Mama mdogo, yeye ndiye fundi."

Hakuna hatua hata moja katika habari hiyo ambayo fundi asingeweza kuizuia kwa kuuliza. Kichwa kilichotoka kufumuliwa kina mikwaruzo isiyoonekana, na kinastahili kupumzika wiki nzima kabla ya dawa. Ngozi, masikio na nywele za mbele zilitakiwa kupakwa vaselini kwanza. Kuunguza ni ishara ya kwenda kwenye sinki, hata kama dakika za kwenye boksi hazijafika, kwa sababu kuvumilia kunaongeza kidonda na hakuongezi unyoofu wowote wa maana. Blichi nayo inavunja vifungo vilevile vya salfa, hivyo kuiweka siku ya dawa ni kuuvunja unywele mara mbili kwa asubuhi moja. Rangi ya kawaida ingoje wiki mbili angalau. Blichi juu ya nywele za dawa, mimi ningesema hapana kabisa.

Lile jibu lake limenikaa moyoni kwa sababu lina ukweli. Fundi anaaminiwa, na hata sheria za wenzetu zimejengwa juu ya imani hiyo. Katika Umoja wa Ulaya dawa ya kunyoosha inayouzwa kwa mtu wa nyumbani hairuhusiwi kuzidi asilimia 2 ya hidroksidi ya sodiamu, lakini ya fundi inaruhusiwa kufika asilimia 4.5. Tofauti hiyo ni heshima kwa ufundi. Inadhaniwa kwamba mwenye kopo kali anajua kuuliza, kupima na kukataa.

Basi ulizeni. Kichwa hiki kimepitia nini mwaka huu? Mama zetu wanaikumbuka kalikiti ya miaka ya themanini. Ile ilikuwa dawa ya jamii nyingine, ya thioglikoleti, na bado zipo bidhaa za jamii hiyo. Nywele zilizopita huko zikiwekewa dawa ya hidroksidi zinaweza kukatika palepale mkononi mwa fundi. Mteja hajui majina hayo, ila akiulizwa alifanyiwa nini, lini na wapi, atasimulia, na ninyi mtaelewa.

Tuje kwenye kuritachi. Nywele huota kama sentimita moja kwa mwezi. Mteja anayerudi baada ya wiki nne amekuja na sentimita moja ya nywele mpya, na hakuna mkono, hata wa fundi bingwa, unaoweza kupaka sentimita moja kichwa kizima bila kugusa zilizokwisha kunyooshwa. Kila mguso unaudhoofisha unywele palepale ulipokuwa dhaifu, kwenye maungio ya zamani na mpya, na ndipo unapokatikia. Wiki nane ndicho kiwango cha chini kabisa. Wiki kumi na mbili ni bora. Wakati wa kupaka, nywele za zamani zipakwe kondishena nzito au mafuta ili dawa ikiteleza isizishike. Najua mteja anavyolalamika kwamba zimeota, jasho limezivuruga, Jumamosi ana harusi. Hapo ndipo ustadi mwingine unapohitajika: seti ya rola, mabutu mapana ya kulegea, mtindo wa kubana kwa nyuma. Mfundisheni kuishi na mizizi.

Kuna sababu nyingine ya kutopapatika, na inazidi nywele. Mwaka 2022 watafiti wa Taasisi za Taifa za Afya za Marekani walitoa matokeo ya kufuatilia wanawake 33,497 kwa karibu miaka 11. Wanawake waliotumia bidhaa za kunyoosha nywele zaidi ya mara nne katika mwaka mmoja walionekana kupata saratani ya mfuko wa uzazi zaidi ya mara mbili kuliko wasiotumia. Makadirio yao yalikuwa kwamba kati ya wasiotumia kabisa, asilimia 1.64 wangeipata hadi kufikia umri wa miaka 70, na kati ya watumiaji wa mara kwa mara, asilimia 4.05. Utafiti wa namna hiyo unaonyesha mambo mawili yanakwenda pamoja. Hauthibitishi kwamba dawa ndiyo iliyoleta ugonjwa, na hata hatari ikiongezeka wengi hawataugua. Lakini pigeni hesabu. Anayeritachi kila wiki nne anafika mara kumi na tatu kwa mwaka. Anayesubiri wiki kumi na mbili anafika mara nne. Mteja ana haki ya kuijua hesabu hiyo kabla hajakaa kitini, na wa kumwambia ni ninyi.

Sasa nyumbani. Siku mbili tatu za kwanza baada ya dawa mteja asizipige nywele pasi wala bloo, kwa kuwa ngozi bado ina hasira na nywele zimetoka vitani. Kisha aoshe mara moja kwa wiki, kwa shampuu na kondishena. Hapa msione aibu kuuliza kama anatumia sabuni ya kipande, kwa sababu wengi wetu tunaitumia. Sabuni ni alkali. Inafumua magamba ya unywele uliokwisha kudhoofishwa na alkali kali zaidi, na kwenye maji ya chumvi haitoi hata povu, inaacha utando. Kondishena kila anapoosha. Ya protini mara moja kwa mwezi na nyingine za kulainisha, maana protini ikizidi nayo inakausha na nywele zinakuwa za kuvunjika kama vijiti. Chanuo liwe la meno mapana, lianzie nchani kupanda juu, na nywele zikiwa zimelowa zishikwe kwa upole kuliko zikiwa kavu.

Bibi zetu wa pwani walikuwa na mafuta ya nazi, na sayansi imewaunga mkono: mafuta hayo huingia ndani ya unywele na kupunguza protini inayopotea wakati wa kuosha. Yapakwe kabla ya kuosha, yakae, ndipo shampuu ifuate. Kuyapaka kila asubuhi kwenye nywele kavu zisizoonja maji wiki tatu hakusaidii, kwa sababu unyevu unatoka kwenye maji na mafuta kazi yake ni kuuzuia usitoroke. Usiku ajifunge kitambaa cha satini. Kanga tunaipenda, lakini ni pamba. Inanyonya mafuta na kusugua nywele kila anapogeuka. Na kwa sisi tunaovaa mtandio au hijabu, nywele zikauke kwanza. Nywele za dawa zilizofungiwa zikiwa mbichi chini ya kitambaa kwenye joto la Dar zinaleta harufu, mba na kuwashwa, na kuwashwa kunaleta kukuna, na kichwa kilichokunwa kikiletwa kwenye dawa tumerudi kwenye vidonda.

Kusuka juu ya dawa ni suala linalowahusu moja kwa moja. Daktari Nonhlanhla Khumalo na wenzake wa Chuo Kikuu cha Cape Town waliwachunguza wasichana na wanawake wa Kiafrika, na kuona kwamba nywele za mbele hunyofoka zaidi pale rasta au wivingi inaposukwa juu ya nywele za dawa. Kila mmoja wetu ana dada mwenye paji lililorudi nyuma. Wiki mbili za kwanza baada ya dawa msimsuke kabisa. Baadaye msuko uwe mkubwa, mwepesi, usiovuta, na zile nywele laini za mbele mziache nje. Mteja akisema "kaza, nataka zikae muda mrefu," mkatalieni. Akisuka akapata vipele kwenye mizizi, msuko huo ufumuliwe siku hiyohiyo. Nywele zinazovutwa kwa miaka hufika mahali mzizi ukafa, na mzizi uliokufa hauotesheki tena.

Watoto nao. Mwaka 2019 watafiti wa chuo hichohicho walipima dawa zilizokuwa zikiuzwa Afrika Kusini, zikiwemo zenye picha za watoto kwenye boksi na zile zinazojisifu kuwa hazina kostiki, wakakuta pH yake iko kwenye kiwango cha kuunguza ngozi, sawa na nyingine. Picha ya mtoto anayecheka haipunguzi ukali. Mama akimleta binti wa miaka sita kwa sababu nywele zake ni ngumu kuchana, mfundisheni mama kuchana: maji, kondishena, mafungu madogo, mabutu. Mpeni muda huo hata kama hamtalipwa kitu.

Na ninyi wenyewe je? Mteja anakutana na dawa mara chache kwa mwaka, ninyi mnakutana nayo kila siku. Glavu zivaliwe na msaidizi pia, hasa yule binti wa kuosha vichwa ambaye mikono yake imekwisha kubabuka. Zile huduma za "keratini" zinazofungwa kwa pasi ya moto zinanitia hofu zaidi, kwa kuwa baadhi yake zina formaldehaidi, ambayo ikiwa kwenye maji ndiyo formalini ya mochwari. Pasi ikiigusa inakuwa hewa, na hewa hiyo mnaivuta ninyi katika chumba kilichofungwa madirisha kwa ajili ya kiyoyozi. Shirika la Afya Duniani, kupitia taasisi yake ya utafiti wa saratani, liliiweka kwenye kundi la visababishi vya saratani kwa binadamu tangu mwaka 2004. Kuandikwa kwamba bidhaa haina formalini hakumalizi maneno: mwaka 2024 jarida la tiba la New England lilieleza habari za mwanamke wa miaka 26 aliyepata madhara ya figo kila aliponyooshwa nywele kwa krimu yenye asidi ya glioksiliki. Macho yakichoma, pua ikiwasha, zimeni pasi na fungueni madirisha. Mkisikia hivyo kila mara, bidhaa hiyo iondoke saluni.

Kwa dukani nina neno fupi. Tangu mwaka 2019 vipodozi viko chini ya Shirika la Viwango Tanzania. Msinunue dawa iliyopimwa kwenye kopo lisilo na lebo, hata kama ni rahisi na muuzaji mnamfahamu. Asiyejua kilichomo hawezi kumweleza mteja, wala daktari wa ngozi mambo yakiharibika.

Ombi langu ni karatasi. Kila anayewekewa dawa aondoke na kipande kilichoandikwa jina la dawa, tarehe ya leo, tarehe isiyo chini ya wiki nane ya kurudi kuritachi, na mambo machache ya kufanya nyumbani. Kuchapa ukurasa mmoja ni gharama ndogo sana ukilinganisha na kopo la dawa. Asiyesoma asomewe akiwa chini ya draya, muda upo. Akihamia saluni nyingine, fundi wa huko ataikuta historia ya kichwa mkononi. Wenye saluni, anzeni wiki hii, na mwambieni kila fundi wenu kwamba anayo ruhusa ya kumkatalia mteja ambaye kichwa chake hakijawa tayari, bila kukatwa hata senti. Na wewe mteja mwenzangu uliyesoma hadi hapa, dawa ikianza kukuunguza, inuka uende kwenye sinki.

Wenu katika kiti na kioo,
Mteja wenu, Dar es Salaam